Son ya Cuba: besi na vijiti vya clave vinagombana

Mpiga_Besi:
Wakuu, habarini. Bendi inafanya mazoezi ya son, mtindo wa muziki wa Cuba. Besi ikidondokea pigo la kwanza, kama tulivyozoea kwenye dansi, vijiti vya clave (vijiti viwili vinavyogonganishwa kushika mdundo) vinasikika viko nje ya wimbo. Turekebishe wapi? Na katika son, kipi ni cha Hispania na kipi cha Afrika?

Tumba_Kavu:
Mkuu, anza na hesabu. Mzunguko mmoja una nafasi 16. Vijiti vinalia 1, 4, 7, 11, 13. Besi inalia 4, 7, 12, 15. Nafasi ya 1 haipigwi: noti ya 15 inashikiliwa mpaka ivuke, tena iwe tayari ya kodi ya gitaa (noti zinazopigwa pamoja) inayofuata. Besi na vijiti vinakutana 4 na 7 tu, kwa hiyo hapo ndipo pa kukagua. Pigeni polepole mpaka hizo mbili zilie pamoja.

Kosa jingine ni kuiga vijiti vya rumba ya mitaani ya Havana. Kule pigo la 7 linasogea hadi 8, na kwenye 7 besi inabaki peke yake. Wimbo ukianzia nusu ya pili ya mzunguko, yenye mapigo mawili ya vijiti, vijiti ni 3, 5, 9, 12, 15. Mkishaanza, msivigeuze katikati.

Mwana_Tres:
Son ilikulia mashariki mwa Cuba. Beti, pamoja na tres, gitaa la jozi tatu za nyuzi, zina damu ya Hispania. Kisha inaingia montuno: mmoja anaimba, wenzake wanaitikia, na hiyo ni Afrika. Montuno ikiingia, mpiga bongo, ngoma ndogo mbili zilizounganishwa, huziacha na kushika kengele. Msipofanya hivyo wimbo unapoa.

Besi ya zamani ilikuwa marímbula, sanduku lenye ndimi za chuma ambalo mpigaji hulikalia. Asili yake ni Wabantu waliopelekwa utumwani. Ni ndugu mkubwa wa ilimba ya Wagogo. Noti zake ni chache, na naamini ndiyo maana besi ya son inakwenda kama ngoma. Kontrabasi ilishika nafasi yake Havana miaka ya 1920.

Haiti nayo imo. Mapinduzi yalipoanza 1791, Wafaransa walikimbilia Santiago ya Cuba pamoja na watumwa wao, wakaja na cinquillo: mapigo 1, 3, 4, 6, 7 katika nafasi 8. Sikilizeni danzón, muziki mwingine wa dansi wa Cuba, imejaa humo.

Mpiga_Besi:
Shukrani. Tunaweza kujifunzia kwenye rumba ya Kongo?

Tumba_Kavu:
Hapana, kwa besi hii. Santuri za mfululizo wa GV, za muziki wa Cuba zilizouzwa Afrika kuanzia 1933, ziliipeleka son Kongo, lakini Wakongo waliihamishia kazi ya tres na piano kwenye magitaa, na besi ikashika njia yake. Sikilizeni Sexteto Habanero, kundi la zamani la son la Havana.