Kufungua kesi ya kikatiba dhidi ya polisi wakati upelelezi bado unaendelea, inawezekana?

MamaKeni_Pasua:
Wakuu habari za jioni, naomba wanaojua sheria wanisaidie maana huku nyumbani hatulali. Mdogo wangu alikamatwa hapa Moshi wiki iliyopita, wanamtuhumu kwa wizi kwenye stoo alikokuwa kibarua, mpaka leo hajapelekwa mahakamani, tukienda kituoni tunaambiwa upelelezi unaendelea rudini kesho, simu yake wameichukua hatujapewa karatasi yoyote, chakula cha mama wanapokea ila kumuona hapana. Kuna jamaa anatuambia tufungue kesi ya kikatiba Mahakama Kuu, upelelezi wote ufutwe. Ni kweli? Hela tutachanga, naogopa tu tusije tukamharibia zaidi.

wakili_wa_Njiro:
Pole sana dada. Haki zake kweli zimeguswa ila huo mlango siyo wa kuanza nao. Kesi za haki za msingi zinaenda kwa sheria ya 1994, na ilivyobadilishwa 2020 muombaji lazima aonyeshe yeye binafsi ameathirika vipi na kwamba njia nyingine zote za kisheria ameshazimaliza. Mkikimbilia huko leo, mawakili wa serikali wanaweka pingamizi la awali, yaani wanaomba kesi itupwe kabla haijasikilizwa, na inaishia hapo, mdogo wako bado yuko lokapu. Hata ikivuka inataka majaji watatu, siyo jambo la wiki hii.

Mnachohitaji ni habeas corpus. Ni maombi Mahakama Kuu chini ya Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, yanaenda na kiapo cha ndugu, yaani maelezo ya maandishi aliyoyaapia, kwamba alikamatwa lini, na nani, yuko kituo gani. Jaji akiridhika anaamuru aletwe na polisi waeleze wanamshikilia kwa sheria ipi. Sheria hiyohiyo inasema aliyekamatwa bila hati, kama haiwezekani kumfikisha mahakamani ndani ya masaa 24, mkuu wa kituo amwachie kwa dhamana, isipokuwa kosa lionekane zito. Hapo kwenye "zito" ndipo mtakapobishana.

Kibo2020:
Si Mahakama ya Afrika ya haki za binadamu iko hapo Arusha tu, kwanini wasiende huko moja kwa moja

wakili_wa_Njiro:
Kibo2020 mwananchi wa Tanzania hawezi tena kufungua mwenyewe pale, serikali iliondoa tamko lake la kuruhusu watu binafsi kushtaki pale Novemba 2019 na likakoma mwaka uliofuata. Mahakama ya Afrika Mashariki bado inapokea watu binafsi ila lazima ufungue ndani ya miezi miwili tangu jambo litokee, na haitamtoa kijana lokapu kesho.

MzeeWaKiboriloni:
Binti yangu, kabla ya yote andikeni barua kwa OCD (mkuu wa polisi wilaya) na RCO (mkuu wa upelelezi mkoa), nakala kwa RPC (kamanda wa polisi mkoa), pelekeni kwa mkono na msiondoke mpaka nakala yenu igongwe muhuri wa kupokelewa. Hiyo ndiyo mtaambatanisha kwenye kiapo. Mkishafungua maombi, mara nyingi polisi wanamfikisha mahakamani haraka au wanampa dhamana na maombi yanabaki hayana kazi, msije mkaona mmeshindwa, si ndicho mlichokuwa mnataka.

Kufuta upelelezi sahau, jaji hawapangii polisi namna ya kupeleleza. Makosa yao yanabanwa kesi ikishaanza. Mtu anatakiwa ahojiwe ndani ya masaa manne tangu akamatwe, yakiongezwa yaongezwe kwa utaratibu, maelezo ya onyo, yaani yale mtuhumiwa anayoandikisha polisi, yaliyochukuliwa nje ya hapo Mahakama ya Rufani imeshayatupa kwenye kesi kadhaa. Na simu hivyohivyo, iko wapi risiti ya mali iliyochukuliwa, nani alisaini kama shahidi? Kwa hiyo leo hii, kabla watu hawajasahau, andikeni saa aliyokamatwa na nani alikuwepo, maana huko mbele polisi watasema saa nyingine na nyie hamtakuwa na kitu mkononi.

MamaKeni_Pasua:
Asanteni sana, Mungu awabariki. Jirani alikuwepo wakati anakamatwa, anasema ilikuwa kama saa mbili asubuhi. Barua tunaandika usiku huu. Wakili wa bei ya kawaida kwa hapa Moshi tunampataje?

wakili_wa_Njiro:
Muulize afisa maendeleo ya jamii pale halmashauri akuunganishe na watoa msaada wa kisheria, kuna sheria ya 2017 kwa ajili ya wasio na uwezo. Ila maombi yenyewe yaandikwe na wakili, msimpe huyo jamaa. Na huyo jirani aape kiapo chake mwenyewe, wewe usiape kitu ambacho hukukiona.