Warren Moon au Doug Williams: nani aliwafungulia njia zaidi makwotabeki weusi?

Kipanga: Wakuu, Februari 2023 Mahomes na Hurts walipokutana, ilikuwa mara ya kwanza Super Bowl, fainali ya futiboli ya Marekani, kuwa na kwotabeki (mrushaji mpira anayeongoza mashambulizi) mweusi kila upande. Waliowatangulia ndio nataka tuwajadili. Mwaka 1978, timu za NFL, ligi ya kulipwa ya mchezo huo, zilipochagua wachezaji wa vyuo, Doug Williams wa chuo cha Grambling alichukuliwa na Tampa Bay, akiwa wa 17. Mwaka huohuo Warren Moon, ambaye Januari tu alikuwa ameipa Chuo Kikuu cha Washington ubingwa wa Rose Bowl, mechi kubwa ya vyuo, hakuchaguliwa na timu yoyote ya NFL. Akaenda Kanada. Nani alifanya kubwa zaidi?

Bi_Rehema: Williams. Super Bowl ya Januari 1988, sasa yuko na timu ya NFL ya Washington, Denver wanaongoza 10–0, goti linamsumbua, anatoka, anarudi. Robo ya pili peke yake akarusha pasi nne za tachidauni (bao la pointi sita), Washington wakafunga pointi 35! Mechi ikaisha 42–10 na yeye akawa mchezaji bora. Kwa miaka walisema mtu mweusi ana mbio lakini hana kichwa cha kuongoza wenzake. Baada ya robo ile wangesema nini tena?

Juma_Edmonton: Mimi Moon. Huku Edmonton alichukua Grey Cup, kombe la ubingwa wa Kanada, mara tano mfululizo, 1978 hadi 1982. Aliporudi kwao 1984 timu zilimgombania, Houston wakampata, akacheza NFL misimu 17 na kurusha yadi 49,325. Mwaka 2006 akawa kwotabeki mweusi wa kwanza kuingia Jumba la Mashujaa la NFL. Williams tunamkumbuka kwa siku moja.

Bi_Rehema: Siku moja? Ndugu yangu, Tampa ilianza maisha yake kwa kufungwa mechi 26 mfululizo. Williams akaifikisha hatua ya mtoano mara tatu ndani ya miaka mitano, huku analipwa chini ya makwotabeki wa akiba wa timu nyingine. Alipodai haki yake hawakuelewana, akaondoka. Mwaka 1983 akafiwa na mkewe, akabaki na mtoto mchanga. Huyo ndiye aliyesimama pale 1988.

Ngosha_T: Watu humlaumu Moon kwa Januari 1993, Houston walipoongoza Buffalo 35–3 wakafungwa 41–38. Lakini siku ile alirusha tachidauni nne. Ulinzi ndio uliovuja. Halafu itazameni mechi yake na Kansas City ya Desemba 1990: yadi 527! Kocha alimkabidhi mchezo mzima.

Kipanga: Hapo ndipo naegemea kwa Moon. Williams alishinda kila kitu, na bado miaka miwili baadaye Washington wakamwacha na hakuna timu iliyompigia simu. Ushindi mmoja haukuwabadilisha wenye timu. Moon alionekana uwanjani kila wiki, mwaka baada ya mwaka, hadi wakazoea kumwona mweusi akiongoza.

Bi_Rehema: Wenye timu sawa, nakubali. Lakini mimi nawahesabu watoto waliotazama ile robo ya pili. Na Williams hakuwaacha: mwaka 1998 alirudi Grambling kumrithi Eddie Robinson, kocha aliyemlea, akatwaa ubingwa wa kanda yao mara tatu mfululizo, 2000 hadi 2002. Juma, Moon akipewa kura za uwanjani, hizo za Grambling unazihesabu wapi?