Kutoka bendi kwenda kuimba peke yako: Elena Gheorghe alifanyaje?

Kinanda_Mikindani

Wakuu, habari za jioni.

Kuna mwimbaji wa kike, miaka 22, yuko kwenye bendi ya kumbi na harusi hapa Mtwara mjini. Bendi ina watu saba. Anataka kutoka asimame kwa jina lake kabla hela ya korosho haijaanza kutembea, yaani Oktoba. Mfano wake mkubwa ni Elena Gheorghe wa Romania, yule aliyeanzia bendi ya Mandinga.

Naomba wanaoijua safari ya huyo dada waielezee kwa mtiririko: alikaa bendini muda gani, alipotoka alibeba nini, na ilimchukua miaka mingapi kusimama. La pili, je, nyimbo alizoimba na bendi huyu wa kwetu anaweza kuendelea nazo? Zipo tatu ambazo maneno aliandika yeye na melodi alitunga mpiga gitaa la solo. Hakuna karatasi hata moja iliyosainiwa.

---

Zilipendwa_Lindi

Mkuu, tuanze na jina, maana kwenye kumbi linaharibiwa sana. Kwa Kiromania "gh" mbele ya "e" ni g ya "gari". Kwa hiyo ni "George" yenye g nzito mwanzo na mwisho, na e ya mwisho inasikika. Ukimtangaza kama "Joji", umemtangaza mtu mwingine.

Alizaliwa Bucharest tarehe 30 Julai 1985. Familia yake ni Waaromania, jamii yenye lugha yake iliyo jirani na Kiromania, na mama yake ni mwimbaji wa nyimbo za asili. Hilo si pambo la kwenye wasifu. Sauti yake ina ile mikunjo midogo ya nyimbo za kijijini hata anapoimba muziki wa disko, na ameimba pia kwa Kiaromania. Mwambie dada yako asiifiche lafudhi yake. Kama kwao ni Newala au Nachingwea, ubeti mmoja wa Kimakonde au Kimwera unamtofautisha na waimbaji mia wa Dar.

Mandinga aliingia 2003. Ile ni bendi ya miondoko ya Kilatini, salsa na jamaa zake, wanaimba Kiromania na Kihispania. Alitoka 2005, na albamu yake ya kwanza peke yake, Vocea ta, ikatoka 2006. Hapo ndipo watu wengi wanaposoma vibaya hadithi yake. Wanaona 2005 katoka, kisha wanarukia Eurovision, yale mashindano ya nyimbo ya nchi za Ulaya, ya Moscow 2009, wimbo The Balkan Girls. Katikati kuna miaka minne ya kutoa nyimbo mfululizo kwa wasikilizaji wa nyumbani. Hata huko Moscow hakushinda: alishika nafasi ya 19 kwa pointi 40. Kilichomfungulia milango ya nje zaidi ni wimbo Disco Romancing wa 2010. Kwa hiyo kama dada anatoka Agosti akitegemea Oktoba awe ameshasimama, anajipima kwa kipimo ambacho hata huyo anayemtaja hakukifikia.

Alichobeba ni sauti yake na sura yake. Jina Mandinga lilibaki na bendi, nayo haikufa. Ilipata mwimbaji mwingine, Elena Ionescu, ikaenda Eurovision ya Baku 2012 na Zaleilah na kushika nafasi ya 12, juu kuliko Elena wa kwanza. Huyo wa pili naye baadaye alitoka, akaanza kujiita Ellie White. Bendi iliyopangwa vizuri haimtegemei mwimbaji mmoja, na bosi wa bendi ya dada yako analijua hilo. Kwa hiyo aage vizuri. Huku kwetu kumbi ni chache na wanaozikodi wanafahamiana wote.

Kitu kingine: hakutoka akaingia mwituni. The Balkan Girls ilitungwa na kundi la watunzi akiwemo Laurențiu Duță, ambaye mwenyewe alikuwa mwanabendi wa 3 Sud Est, kundi lililoanza 1997 Constanța, mji wa bandari kwenye Bahari Nyeusi. Ukitoka bendini umepoteza watu sita waliokuwa wanakutungia, kukupangia na kukusahihisha. Lazima uwe na angalau wawili wa kuziba pengo: mtunzi mmoja na prodyuza mmoja. Bila hao wawili asitoke kabisa.

Sheria za Eurovision za wakati ule ni kipimo kizuri cha mazoezi. Wimbo usizidi dakika 3, jukwaani watu wasizidi 6, ala zinatoka kwenye rekodi lakini kila sauti ya binadamu inaimbwa papo hapo. Afanye hivyohivyo. Achague wimbo mmoja, auimbe na hatua zake zote mara sita kwa siku, apumzike dakika mbili kila baada ya mzunguko, na simu iwe inarekodi. Asikilize mzunguko wa tano na wa sita. Pale pumzi inapokatika, mara nyingi ni mstari wa pili wa kiitikio, kosa linakuwa kwenye hatua, si kwenye koo. Apunguze kuruka mahali hapo au mstari huo awaachie waitikiaji.

---

Hakishiriki_Masasi

Najibu swali la pili, ndilo linalovunja watu.

Waangalieni O-Zone. Ni Wamoldova watatu waliohamia Romania: Dan Bălan, Radu Sîrbu na Arsenie Todiraș. Mwaka 2003 wakatoa Dragostea din tei, dunia nzima ikacheza, na 2005 kundi likavunjika. Wote watatu waliendelea kila mtu na lake. Arsenie, kwa jina la Arsenium, aliiwakilisha Moldova kwenye Eurovision ya Athens 2006 pamoja na Natalia Gordienko, wakawa wa 20. Lakini mtunzi wa ule wimbo ni Dan Bălan. Mwaka 2008 T.I. na Rihanna walipoichukua melodi ile na kuiweka kwenye Live Your Life, na wimbo ukapanda hadi namba 1 kwenye chati ya Billboard Hot 100 ya Marekani, jina lililoingia kwenye orodha ya watunzi ni la Dan Bălan. Walikuwa sauti tatu kwenye jukwaa moja, lakini mtunzi mmoja. Miaka mitatu baada ya kundi kufa, ule utunzi ulikuwa bado unazaa.

Sasa rudi Mtwara. Kwa sheria yetu, Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya 1999, kuna mafungu mawili na msiyachanganye. Hakimiliki ni ya aliyetunga, yaani maneno na melodi. Hakishiriki ni ya aliyeimba au kupiga na ya aliyetengeneza rekodi. Zile nyimbo tatu ni kazi ya wawili: dada na mpiga solo. Hakuna hata mmoja kati yao anayeweza kuzirekodi upya na kuziuza bila mwenzake kukubali. Na rekodi ya zamani, ile iliyolipiwa studio na bendi, ni jambo la tatu. Hata wakikubaliana kuhusu utunzi, dada hawezi kuchukua faili lile na kulipandisha kwenye chaneli yake.

Afanye hivi kabla hajatamka neno "natoka". Kila wimbo uwe na karatasi yake. Juu jina la wimbo na tarehe ulipotungwa. Chini: nani aliandika maneno, nani alitunga melodi, nani alipanga ala, na asilimia ya kila mmoja, jumla iwe 100 kamili. Kwa maneno na melodi kuanzia 50 kwa 50 ni haki. Kama mpiga solo anasema pia gitaa la mwanzo ndilo wimbo wenyewe, mzungumze, pengine iwe 45 kwa 55. Sahihi mbili, shahidi mmoja asiye mwanabendi, nakala mbili. Halafu karatasi hizo ndizo za kwenda nazo COSOTA, ofisi ya hakimiliki, kusajili kazi. Na yeye mwenyewe ajisajili BASATA, yaani Baraza la Sanaa la Taifa, kama msanii anayejitegemea, asiendelee kuhesabiwa chini ya bendi.

Ugomvi unaanza pale watu wanaposubiri wimbo upendwe kwanza. Asilimia zinaandikwa wimbo ukiwa bado hauna thamani, hapo kila mtu ni muungwana.

Na akitafuta biti mpya awe mwangalifu na melodi za kuokota. Stereo Love ya Edward Maya, 2009, ile ya kodiani, melodi yake ilitoka kwa Eldar Mansurov, mtunzi wa Azerbaijan, wimbo Bayatılar. Ilibidi baadaye Mansurov atambuliwe kuwa mtunzi mwenza. Kwa hiyo ile tabia ya kuchukua ngoma ya unyago iliyorekodiwa na mtu na kuiwekea besi, kwanza ulizeni rekodi ni ya nani.

---

Kinanda_Mikindani

Asanteni sana, nimepata zaidi ya nilichoomba. Mawili yamebaki. Mpiga solo akigoma kusaini? Na je, akianza bila bendi, apige shoo ya muda gani na kwa mitambo gani? Kumbi nyingi huku zina mikisa ndogo na spika mbili.

---

FundiMitambo_Ligula

La mitambo nalichukua mimi.

Shoo ya kwanza isizidi dakika 45. Nyimbo 11 za dakika tatu na nusu ni kama dakika 38 na nusu, zinazobaki ni za salamu na maji. Zake mwenyewe zikiwa nne zinatosha, nyingine ziwe za watu wanazozijua, ila amwambie mwenye ukumbi mapema ili suala la kibali cha muziki liwe limekamilika.

Biti azitoe studio upya kwa ki yake, yaani urefu wa sauti unaomkaa yeye. Hili waimbaji wa bendi wanalisahau. Kwenye bendi ki ilichaguliwa ili magitaa yakae vizuri na mwimbaji wa kiume afike. Akiwa peke yake apime: nota ya juu kabisa ya wimbo aiimbe mara nane mfululizo kwa sauti ya jukwaani. Ikianza kukwaruza mara ya nne au ya tano, shusha nusu toni moja, pima tena. Wengi wanaishia nusu toni mbili chini. Msishushe kwa kuburuza faili lililokwisha mikisiwa, dramu zinakuwa kama zimefunikwa blanketi. Prodyuza abadilishe kwenye kazi yenyewe.

Aombe mafaili matatu kwa kila wimbo: biti isiyo na sauti kabisa, biti yenye waitikiaji tu, na kila ala peke yake. Yote WAV, si MP3 iliyotumwa kwa WhatsApp. Ayaweke kwenye fleshi mbili, moja mfukoni kwake, nyingine kwa mtu wake.

Halafu kuna tatizo moja la kumbi zetu ambalo linawatoa watu jasho. Biti nzuri ya studio ina kushoto na kulia. Mikisa ndogo mara nyingi inachomekewa waya mmoja, kwa hiyo upande mmoja unapotea, au pande mbili zinagandamizwa kuwa moja. Kama prodyuza aliipanua besi au kinanda kwa kugeuza wimbi upande mmoja, zikikutana zinafutana. Unasikia dramu na kofi tu, besi haipo, mwimbaji anapoteza ki. Dawa yake ni ndogo: studio watoe nakala moja ya mono, yaani pande zote mbili zimeunganishwa kuwa moja, waisikilize hapohapo kwenye spika moja. Besi ikibaki, hata ukumbini itabaki.

Spika zikae mbele ya mwimbaji, wala zisimwelekee maiki. Zikikaa nyuma yake, maiki inazisikia na mlio unaanza. Apate hata spika ndogo moja ya kujisikia, imwelekee yeye, iwe kwenye upande wa nyuma wa maiki.

---

Hakishiriki_Masasi

Kuhusu mpiga solo akigoma: maneno ni yake dada, anayabeba. Atafutiwe melodi mpya kabisa na mtunzi mwingine, si ile ya zamani iliyogeuzwa kidogo. Ukibadili nota tatu na kuacha mwendo uleule, bado ni melodi ya mwenzako. Na jina la wimbo libadilike ili watu wasichanganye.

---

Korosho_na_Kodiani

Nyongeza fupi kuhusu jina. Kundi la Akcent, waliopata Kylie mwaka 2006, toleo la Kiingereza la Dragoste de închiriat, walikuwa wanne: Adrian Sînă, Sorin Brotnei, Mihai Gruia na Marius Nedelcu. Wenzake Sînă waliondoka mmoja baada ya mwingine, yeye akabaki peke yake, na hadi leo anaimba kwa jina Akcent. Hiyo ni njia kinyume na ya Elena: Elena kaacha jina la bendi, Sînă kabaki nalo.

Dada yenu hana jina la bendi la kubaki nalo, kwa hiyo miezi miwili kabla ya kutoka jina lake lianze kusikika ukumbini. Amwombe MC amtaje kwa jina kamili kila anapopanda, si "dada yetu wa bendi". Na namba ya simu ya kuchukua kazi iwe yake, laini mpya, kwa sababu nyingi ya zile za kwenye mabango ya bendi anazishika meneja.

Na Oktoba si mbaya, ila aitumie kwa shoo mbili tatu ndogo, Masasi na Newala huko wakulima walipo, huku bado akiwa na ratiba ya bendi. Albamu aipange msimu wa mwaka unaofuata.

---

Kinanda_Mikindani

Nimeelewa. Kesho nakaa naye, karatasi za nyimbo tatu kwanza, kisha kupima ki. Mpiga solo nitamfuata mwenyewe nyumbani kwake, si mazoezini mbele ya watu.