Irabu tatu au irabu tano? Mjadala kuhusu maandishi ya Kikechua cha Cusco

MLETA MADA

Ndugu zangu, naomba tujadili jambo linaloonekana dogo, nalo limewagawa wasemaji wa Kikechua wa Cusco, kusini mwa Peru, kwa miongo kadhaa: je, lugha yao iandikwe kwa irabu tatu, yaani a, i na u, au kwa irabu tano kama tunavyoandika sisi? Mwaka 1975 serikali ya Jenerali Juan Velasco Alvarado ilikipa Kikechua hadhi ya lugha rasmi, na alfabeti ya mwaka huo ilikuwa na irabu tano. Mwaka 1985 Wizara ya Elimu ikazipunguza zikawa tatu. Akademia ya Kikechua ya Cusco, iliyoanzishwa mwaka 1953, haijakubali hadi leo. Mimi nasimama na irabu tatu.

Kiini cha ugomvi ni herufi q. Sauti yake hutoka nyuma kabisa ya kinywa, kwenye kimio, karibu sawa na qaf ya Kiarabu, na kila aliyepita chuo cha Kurani anajua jinsi qaf inavyoinenepesha irabu iliyo jirani yake. Katika Kikechua, i ikikaribiana na q husikika kama e, na u husikika kama o, hata pale n au r inapokaa katikati. Kwa hiyo moyo ni sunqu kwa watu wa irabu tatu na sonqo kwa watu wa irabu tano, na mlima ni urqu au orqo, ingawa midomoni pande zote mbili zinatamka vilevile. Huwezi kupata maneno mawili ya asili yanayotofautishwa na i na e peke yake, jinsi sisi tunavyotofautisha pita na peta, au tua na toa.

Tazameni kinachotokea neno linaponyambuliwa. Kuja ni hamuy, na ninakuja ni hamuni. Ukitaka kusema "ajaye" unaongeza -q kwenye mzizi, unapata hamuq, ambalo sikio husikia kama hamoq. Nyumba ni wasi. "Ya nyumba" ni wasiq, na sikio husikia waseq. Anayeandika kwa irabu tano analazimika kuugeuza mzizi, mara hamu- mara hamo-, mara wasi- mara wase-, kwa sababu tu ya konsonanti iliyofuata. Kikechua hupanga viambishi nyuma ya mzizi, kimoja baada ya kingine, hadi neno moja linabeba sentensi nzima, na mtoto anayejifunza kusoma lugha ya namna hiyo anahitaji mzizi usiobadilika sura.

MCHANGIAJI WA KWANZA

Mleta mada, umeeleza vizuri, lakini hoja yako ni ya mwanaisimu aliyeketi mezani. Mtu wa Cusco anayejua kusoma mara nyingi alianza kusoma kwa Kihispania, na akiliona neno sunqu huzipa zile u mbili sauti ya Kihispania, kisha anashangaa kuambiwa kwamba hilo ndilo neno la mama yake. Sisi wenyewe tuliyapitia haya. Kiswahili kilipoandikwa kwa herufi za Kiarabu, kasra moja ilibeba i na e, dhamma moja ikabeba u na o, na msomaji alipaswa kulijua neno kabla hajalisoma. Tuliteseka, kisha tunawashauri wenzetu wafuate njia hiyohiyo?

Tena kuna jina la mji. Mwaka 1990 manispaa iliamua liandikwe Qosqo, na watu wakalipokea kwa fahari. Kwa kanuni yako ni Qusqu. Nenda kawaambie wazee wa pale kwamba wamekosea jina la kwao.

Na vipi maneno ya mkopo? Misa ya kanisani na meza, ambayo kwa Kihispania ni mesa, yote mawili yatakuwa misa?

MCHANGIAJI WA PILI

Mnagombania irabu huku nyumba inaungua upande mwingine. Utajiri wa Kikechua cha Cusco umo katika konsonanti. Vipasuo vyake, yaani konsonanti kama p, t na k, huja kwa namna tatu: ya kawaida, yenye mpumuo, na ile inayotolewa kwa kubana koo. Tanta ni mkusanyiko, thanta ni kitu kilichochakaa, t'anta ni mkate. Watu wa Ayacucho, eneo jingine la kusini mwa Peru, hawana tofauti hizo. Kwao yote ni tanta. (Watu wa Mombasa watanielewa, maana paa wa porini na paa la nyumba kwao si sauti moja, ingawa maandishi sanifu yameyafanya mapacha.)

Alfabeti ya 1985 inazitunza sauti hizo, na hapo sina ugomvi. Ninachopinga ni maandishi ya pamoja ya kusini aliyoyapendekeza mwanaisimu Rodolfo Cerrón-Palomino, ili Cusco na Ayacucho wasome kitabu kimoja. Mtu wa Cusco akitaka kusema "anakuja sasa hivi" husema hamushan, lakini anatakiwa aandike hamuchkan kama wasemavyo Ayacucho. Husema noqanchis, yaani sisi pamoja nawe, lakini anatakiwa aandike ñuqanchik.

MLETA MADA

Nianze na herufi za Kiarabu. Tuliteseka kwa sababu Kiswahili kina irabu tano zinazotofautisha maana, nasi tuliazima maandishi ya lugha yenye tatu. Kikechua kwa hesabu hiyo kimekaa upande wa Kiarabu. Kuhusu misa na mesa nakubali: wasemaji wa lugha mbili wana e na o za kweli katika maneno ya mkopo, na sioni ubaya yakiandikwa kwa e na o.

Kuhusu -chik, jambo la kuchekesha ni kwamba Diego González Holguín, aliyekieleza Kikechua cha Cusco mwanzoni mwa karne ya 17, aliandika ñocanchic. Silabi ya mwisho inampa nguvu Cerrón-Palomino, na ile o inawapa nguvu watu wa Akademia. Kila upande una babu yake katika neno moja.

Lakini mchangiaji wa kwanza, nina swali. Kikechua kina viambishi vya kumwezesha msemaji kuonyesha habari ameipataje: parashanmi ni mvua inanyesha nami naiona, parashansi ni nimeambiwa inanyesha, na -chá ni ya kukisia. Niliposema mtoto anahitaji mzizi usiobadilika nilizungumza kama mwenye -mi, na kwa haki ningepaswa kutumia -chá. Wewe uliposema msomaji hushangaa mbele ya sunqu, kiambishi chako kilikuwa kipi?