Ushauri: K/D yangu Valorant ni nzuri lakini ranki haipandi, hizi takwimu zinasomwaje?

ChuiWaMchana (mwanzisha uzi)

Wakuu salaam. Naomba msaada kwa wanaoielewa Valorant, gemu la risasi la watano kwa watano, hasa upande wa takwimu.

Nacheza mechi za ranki, na ajenti (mhusika) wangu ni Reyna karibu kila siku. Nimekwama ranki ya Silver muda mrefu sasa. Kinachonichanganya ni kwamba nikifungua takwimu zangu naona K/D (niliowaua kwa mara nilizokufa) ya 1.2, ACS (wastani wa alama za mapambano kwa raundi) mara nyingi inapita 230, na mechi ikiisha jina langu huwa la kwanza au la pili kwenye timu. Lakini mechi ninazoshinda hazifiki nusu. Halafu nikishinda napewa RR (pointi za ranki) kiduchu, nikishindwa nakatwa nyingi.

Nataka kujua hizi namba zinapima nini hasa, na ipi kati yake niiamini. Pia zipo tovuti za takwimu zinazotaka niingie kwa akaunti yangu ya Riot, kampuni yenye gemu. Je, ni salama? Rafiki ninayecheza naye anasema tatizo ni watu ninaopangiwa nao. Inawezekana, ila napenda nione kwenye data kabla sijaanza kulaumu watu.

Natanguliza shukrani.

Tembo_44

Angalia ushindi tu mkuu. Timu ikishinda umecheza vizuri, ikishindwa umecheza vibaya. Hayo mengine ni mapambo.

BintiSage

Karibu ChuiWaMchana. Umefanya vizuri kuuliza kabla ya kulaumu.

Tuanze na K/D. Ni idadi ya uliowaua ukiigawa kwa mara ulizokufa, basi. Kwenye mechi ya watano kwa watano karibu kila anayekufa ana aliyemuua, kwa hiyo ukijumlisha wachezaji wote kumi wastani unaangukia jirani na 1. Hiyo 1.2 yako ni kweli iko juu ya wastani. Ila K/D haijui uliua lini. Fikiria uko ulinzi. Adui wanaingia eneo A, wanaangusha watatu wenu. Wewe ulikuwa mbali, unafika wameshatega Spike (bomu), unaua wawili, unakufa. Kwenye kitabu umeua 2, umekufa 1. Raundi imekwenda.

Sasa njoo kwenye ACS, maana hapo ndipo watu wengi wanapopotea. Inahesabiwa hivi: kila pointi ya uharibifu unaomfanyia adui ni pointi moja kwako. Kumuua adui wakiwa bado hai wote watano ni pointi 150, wakibaki wanne 130, kisha 110, 90, na wa mwisho 70. Ukiua zaidi ya mmoja raundi hiyohiyo unaongezewa 50 kwa kila wa ziada. Ukimpofusha adui akauawa na mwenzako, 25. Jumla ya mechi inagawanywa kwa idadi ya raundi.

Umeona kasoro yake? Inatazama adui wangapi wako hai, haiangalii wenzako wangapi wamebaki. Kwenye mfano wangu wa A, adui walikuwa bado watano. Wa kwanza kakupa 150, wa pili 130, nyongeza 50, na kama hao wawili walikuwa na damu kamili na ngao nzito ukawamaliza peke yako, uharibifu ni 300. Hizo ni pointi 630 ndani ya raundi mliyopoteza. Ukifanya hivyo mara chache tu kwa mechi, ACS yako itapendeza huku ubao wa matokeo ukisoma 13 kwa 7 dhidi yenu.

Mimi nacheza ajenti Sage na mara nyingine Omen. Moshi niliouziba mlango ukafanya wenzangu waingie bila kupigwa risasi hata moja haunipi kitu kwenye ACS. Ndiyo maana sipendi watu wanapomtukana mtu wa chini kwenye ubao kabla hawajaangalia anacheza nafasi gani. Reyna linganisha na Reyna, au angalau na Duelist (ajenti wa kuanzisha mapambano) mwenzake.

Kwa hiyo swali langu kwako: unaua lini?

ChuiWaMchana

Dada BintiSage asante sana, sijawahi kuelezwa ACS hivi. Hiyo ya "unaua lini" naiona wapi?

BintiSage

Ndani ya gemu lenyewe, huhitaji tovuti. Ukurasa wa mwanzo ingia Career, chagua mechi, kisha fungua Timeline. Inakuonyesha raundi moja moja, nani kamuua nani na kwa mpangilio gani. Usisome raundi zote, utachoka. Chukua mechi mlizoshindwa kwa karibu, soma raundi mlizopoteza tu. Tafuta nani alikufa wa kwanza upande wenu na jina lako linatokea mwanzoni au mwishoni. Ubao wa mwisho wa mechi nao una safu ya waliofungua raundi kwa kuua wa kwanza. Kwa Duelist hiyo safu naipa uzito kuliko K/D.

Ukitoka hapo pitia sehemu ya Performance, ina mapambano yako na kila adui mmoja mmoja. Mara nyingi utakuta K/D nzuri imetokana na adui mmoja dhaifu uliyemchuma mechi nzima, na yule mkali wao hukumgusa.

HesabuKwanza

Naomba nimjibu Tembo_44 kwanza, maana ushauri wake unasikika mzuri lakini unadanganya kwa mechi chache. Ushindi unabeba watu tisa wengine. Chukua mchezaji ambaye kwa uwezo wake anastahili kushinda nusu kamili ya mechi. Akicheza 20, kushinda 6 au kushinda 14 vyote ni vya kawaida tu. Karibu mara 95 kati ya 100 ataangukia ndani ya hapo. Yaani asilimia 30 na asilimia 70 zinaweza kuwa za mtu yuleyule. Akicheza 100, masafa yanabana kuwa 40 hadi 60. Akicheza 400, asilimia 45 hadi 55. Kwa hiyo ChuiWaMchana, hiyo "hazifiki nusu" ni ya mechi ngapi? Kama ni za wiki hii, bado haijasema kitu.

Na usitegemee kuona asilimia 70 hata ukiwa bora. Mfumo wa kupanga mechi unakutafutia wapinzani wa kiwango chako, kwa hiyo kila unapopanda unakutana na wagumu zaidi, na ushindi unarudi kuelekea nusu. Ni tofauti kabisa na mechi ya watu 100 ambapo kila mtu yuko peke yake na anashinda mmoja. Huko wastani ni asilimia 1, na anayeshinda 5 kati ya 100 ni mtu wa kuogopwa. Wanaohama kutoka PUBG au Fortnite huchanganya sana hapa.

Sasa RR. Hili la kupewa kidogo na kukatwa nyingi ndilo dalili yenye maana kuliko zote ulizotaja. Nyuma ya ranki unayoiona kuna kiwango kilichofichwa, MMR. Hicho ndicho kinachotumika kukutafutia wapinzani. Ranki yako ikiwa juu ya MMR, mfumo unakuvuta chini: ushindi unalipa kidogo, kushindwa kunakata zaidi. Ranki ikiwa chini ya MMR inakuwa kinyume chake.

Wazo hili ni la zamani kuliko gemu hizi. Arpad Elo alitengeneza hesabu yake kwa ajili ya sataranji, shirikisho la sataranji la Marekani likaipokea 1960 na FIDE, shirikisho la dunia, ikafuata 1970. Msingi wake ni matarajio: mwenye pointi 200 zaidi anatarajiwa kuvuna takribani asilimia 76 ya pointi dhidi ya mwenzake. Akimshinda dhaifu haongezi kitu cha maana. Akipigwa na dhaifu anapoteza nyingi. Riot hawajaweka wazi fomula yao yote, lakini tabia unayoiona kwenye RR ni ya ukoo huohuo. Kwa lugha nyepesi, mfumo umekuona ukiua na bado haujashawishika kwamba ukiwemo timu inashinda.

Tembo_44

HesabuKwanza nimekupata. Hiyo ya 6 hadi 14 sikuwahi kuifikiria.

KufuliMbili

Nijibu la usalama kwa sababu hakuna aliyeligusa.

Tovuti kubwa za takwimu, kwa mfano Tracker Network, haziwezi kuonyesha profaili yako ya Valorant mpaka wewe mwenyewe uruhusu. Ndiyo maana ukitafuta wachezaji wengine unakuta wengi wamefichwa. Kuruhusu kunafanyika kwa kuingia kupitia ukurasa wa Riot wenyewe. Hapo ndipo pa kuwa makini: kabla hujaandika nywila, soma anwani juu ya kivinjari, iwe ya Riot kweli. Tovuti ikikuletea kisanduku chake ili uandike nywila humohumo, funga. Mtu akikutumia kiungo kwenye chati eti "angalia takwimu zako", usikibonyeze, andika anwani mwenyewe. Na uwashe uthibitisho wa hatua mbili kwenye akaunti hata kama hutumii tovuti yoyote.

Ukishaingia, chuja. Chagua mechi za ranki tu na msimu wa sasa. Deathmatch (kila mtu peke yake) na mechi za kujifurahisha zikichanganyika, namba hazisemi chochote kuhusu ranki.

KipangaWaMbali

Nyongeza fupi kuhusu asilimia ya risasi za kichwa, maana lazima utaikuta huko na itakutia wasiwasi. Ni sehemu ya risasi *zilizompata* adui ambazo zimeenda kichwani. Zilizopotea hewani hazimo. Mimi natumia Operator, bunduki ya kulenga mbali, na hiyo ikimpata mtu kifuani inamtoa 150, yaani anakufa hata akiwa na ngao nzito. Asilimia yangu iko chini na sina sababu ya kuipandisha. Anayetumia bunduki ya Vandal ana hesabu nyingine: risasi moja ya kichwa inaua kwa umbali wowote.

KAST, asilimia nyingine utakayoikuta huko, nayo isikulevye. Inahesabu raundi uliyoua, au uliyosaidia, au uliyobaki hai, au uliyokufa mwenzako akakulipizia. Anayejificha kila raundi ikiharibika anaipandisha bila kuisaidia timu.

ChuiWaMchana

Wakuu nimerudi. Nimekaa na Timeline za mechi tulizoshindwa kwa tofauti ya raundi mbili tatu. BintiSage umeligusa penyewe. Kwenye raundi tulizopoteza, anayekufa wa kwanza karibu kila mara ni mwenzangu, mara nyingi yule wa moshi au Sova (ajenti wa kupeleleza), na mimi naanza kuua wakishaanguka wawili au watatu. Kwenye safu ya kufungua raundi niko chini kuliko hata Sentinel (ajenti wa ulinzi) wetu.

HesabuKwanza, mechi zenyewe ni za msimu mzima, zinapita 100, na ushindi ni asilimia 44.

Sasa nibadilishe ajenti? Au nianze tu kuingia wa kwanza?

HesabuKwanza

44 kwa mechi 100 bado iko ndani ya masafa ya bahati, lakini ukiiunganisha na RR zako na hicho ulichokiona kwenye Timeline, mimi siiti bahati tena. Vitu vitatu vinasema jambo moja.

BintiSage

Usibadilishe bado. Reyna mwenyewe anakuvuta kwenye tabia hiyo, kwa sababu kujiponya na kutoroka kwake kote kunategemea roho ya adui aliyekufa. Bila kuua hana vyote viwili. Kwa hiyo mtu anajifunza kusubiri mapambano rahisi, na mapambano rahisi huja adui wakiwa wameshageukia wenzako.

Kuingia wa kwanza peke yako nako ni kufa bure. Una lile jicho linalowafifisha adui macho: lirushe, sema kwenye maiki kwamba unaingia, na uingie jicho likiwa bado hewani, mwenzako akiwa hatua chache nyuma yako. Ukianguka, akulipizie. Akitangulia yeye, wewe uwe karibu kiasi cha kumlipizia papo hapo.

Kwenye Timeline sasa usihesabu vifo vyako. Hesabu ni mara ngapi wewe au mwenzako wa karibu mmekufa na aliyewaua akaangushwa mara moja. K/D itashuka mwanzoni, huenda ikafika 1 au chini kidogo. Iache ishuke. Angalia RR unazopewa ukishinda na unazokatwa ukishindwa kama zinaanza kukaribiana, na uipime mwisho wa msimu. Usiku mmoja mbaya hautoshi kukurudisha ulikotoka.