Msanifu kapoteza ramani za nyumba yetu halafu anataka tumlipe tena achore upya!!

Wakuu nimechoka, leo acha niseme. Nyumba ya familia, Dar hapa hapa, msanifu tulimlipa hela yake yote, ramani zikapigwa mhuri, kibali cha manispaa kikatoka, tukajenga. Sasa tunataka kupandisha ghorofa, mhandisi tuliyemwita kasema nileteeni ramani za nondo na ramani inayoonyesha jengo lilivyojengwa kweli, bila hizo hasaini kitu. Nampigia msanifu ananiambia laptop iliibiwa, makaratasi yalipotea wakati wanahama ofisi, eti nikitaka nilipie kazi mpya. Kazi mpya ipi jamani??

Na msiniambie nifuate kopi manispaa, tumeshaitoa na ndo imenichefua zaidi. Kwenye karatasi nguzo ya karibu na ngazi imekaa ukutani, kwenye nyumba ipo ndani huku sebuleni, karibu mita nzima. Aliihamisha msanifu mwenyewe akiwa saiti, akamwambia fundi kwa mdomo isogeze, fundi akasogeza, zege likamwagwa, basi. Hakuna barua, hakuna ramani iliyosahihishwa. Fundi anasema waliweka nondo za milimita 16, msaidizi wake anasema zilikuwa 12, sasa inabidi tubandue plasta na kuchimba zege kwenye nguzo iliyobeba slabu ili tuzione, na mama anaishi humo humo ndani!

Akaniletea na habari za hakimiliki. Sawa, Sheria ya Hakimiliki ya 1999 inalinda kazi za usanifu majengo, ubunifu ni wake sibishi, nyumba kama hii simjengei mtu mwingine. Ila mimi naomba kumbukumbu za nyumba ninayoishi, nilizozilipia. Tena kudai kwa mkataba sheria ya ukomo (ile ya muda wa mwisho wa kufungua kesi) inatoa miaka 6, nyumba yetu hata minne haijafika, sasa anakaaje bila faili la kazi ambayo bado anaweza kushtakiwa nayo? Hizo karatasi zingemtetea hata yeye. Nikamuuliza una bima ya kitaaluma, ile ya kulipia makosa ya kazi yako, akakata simu.

Nchi hii tumezika watu wakuu. Machi 29, 2013, Ijumaa Kuu, jengo la ghorofa 16 liliporomoka mtaa wa Indira Gandhi. Novemba 16, 2024 likaporomoka jingine Kariakoo. Halafu mtu mwenye mhuri anabadilisha nguzo kwa mdomo na kuniambia laptop iliibiwa!

Naandika barua kwenda Bodi ya Usajili wa Wabunifu Majengo na Wakadiriaji Majenzi (AQRB), ndo imemsajili chini ya Sheria Na. 4 ya 2010, nina mkataba, risiti na meseji zake zote. Aliyewahi kupeleka malalamiko pale anisaidie, waliomba viambatanisho gani, na walimbana atoe ramani au waliishia kumpa onyo tu? Na mwenye kumjua mhandisi mwenye mashine ya kuskani nondo bila kuvunja zege naomba aje PM, ile nguzo siigusi na nyundo mama akiwa ndani.