Binti yangu anataka mashindano ya ski za theluji. Njia ya kufika Kombe la Dunia ikoje?

mama_wa_mteremko

Salaam wadau. Mimi mtu wa Malindi, nimeolewa huku kusini mwa Ujerumani. Binti yetu ana miaka 10, na kocha wa klabu ya kijijini amemwambia baba yake mtoto ana kipaji, aingizwe kundi la mashindano. Baba mtu furaha haimwishi. Mimi roho juu: goti, gharama, shule. Halafu juzi shemeji akaniambia mezani, "Huyo Mkenya wenu si alikwenda Olimpiki akawa wa 38?" Nilikosa jibu, na liliniuma. Anayeujua mchezo huu anieleze: maisha ya mchezaji wa kimataifa yanakwendaje hasa? Na mtoto wetu akitaka kuichezea Kenya, ana nafasi?

fundi_tirol

Dada, nafanya kazi kwenye karakana ya ski hapa Tirol, Austria. Msimu mzima tunanoa ski za vijana wa mashindano, kwa hiyo nasema ninayoyaona.

Tuanze na huyo wa 38, maana shemeji yako hajui alichokitazama. Sabrina Simader alizaliwa Kilifi, jirani zenu kabisa, akaja Austria na mamake akiwa na miaka 3. Mwaka 2016 alikuwa kwenye Olimpiki ya vijana Lillehammer, 2017 mashindano ya ubingwa wa dunia St. Moritz, na Februari 2018 akabeba bendera ya Kenya kwenye Olimpiki ya PyeongChang, Korea Kusini. Slalomu kubwa, mbio za kupinda kati ya milango, akawa wa 59; super-G, yenye kasi zaidi na milango iliyo mbali mbali, wa 38.

Super-G ni mtihani mkali. Hakuna kuijaribu njia. Asubuhi mnaruhusiwa kushuka polepole mkiikagua milango, yaani nguzo mnazopita katikati yake, na kuikariri, kisha mnashuka mara moja tu, kwa mwendo unaopita kilomita 100 kwa saa. Siku hiyo Ester Ledecká wa Cheki alimshinda bingwa mtetezi, Anna Veith, kwa sekunde 0.01. Lindsey Vonn mwenyewe, yule bingwa wa Marekani, aliteleza nje ya mstari wake karibu na chini, medali ikamponyoka. Mlima ni huohuo na milango ni ileile aliyoshuka mtoto wa Kilifi, akamaliza, huku wengine wakishindwa kufika chini.

Tena hukaribishwi tu kwa sababu una bendera. Kuna pointi za FIS, shirikisho la kimataifa la ski, na hizi zikiwa chache ndiyo bora. Walio kileleni wako karibu na sifuri. Kwa super-G ya 2018 ilibidi uwe na pointi 80 au pungufu. Kwa slalomu, ambako milango iko karibu karibu, 140. Kuzishusha ni miaka ya mbio ndogo ndogo kwenye vilima ambavyo hakuna kamera, na leseni yenyewe ya mbio hizo huanza msimu anaotimiza miaka 16.

Ukivuka hapo ndipo unakutana na Kombe la Dunia, yaani mfululizo wa mbio za msimu mzima. Kwenye slalomu, wenye namba za mwanzo wanashuka kwenye barafu safi. Wa 60 anakuta mifereji iliyochimbwa na wote waliomtangulia, na anatakiwa aingie thelathini bora la sivyo duru ya pili haimhusu. Pointi za hapa ni nyingine, zikiwa nyingi ndiyo bora: mshindi anachukua 100, wa pili 80, wa 30 pointi moja. Wa 31 anafungasha ski zake anarudi hotelini. Kuna watu wenye vipaji vikubwa walioishi hivyo misimu mitatu minne mfululizo.

kocha_iten

Nimesoma kwa makini sana. Huku kwetu mtoto anaanza na raba na barabara ya murram. Nani anamlipia huyu wa theluji?

fundi_tirol

Mwanzoni wazazi, kocha wangu, na ndiyo maana mabingwa wengi wana mzazi kando yao. Marcel Hirscher, Mwaustria aliyechukua taji la jumla la Kombe la Dunia mara 8 mfululizo, alilelewa kwenye ski na baba yake, Ferdinand. Mikaela Shiffrin, bingwa wa Marekani, amefundishwa miaka mingi na mama yake, Eileen. Baadaye wanaingia shirikisho na kampuni za ski. Wa nchi kubwa ana kocha, daktari na fundi wake. Wa nchi ndogo mara nyingi anajitafutia vyote hivyo, na hapo ndipo naumia zaidi kwa ajili ya watu kama Simader.

Mnielewe kazi ya fundi. Usiku wa kuamkia mbio nafunga ski kwenye jiliwa, napitisha tupa kwenye ukingo wa chuma hadi nikipitisha ukucha juu yake unakwanguka unga mweupe. Kisha nta, inayeyushwa kwa pasi, inaachwa ipoe, inakwanguliwa kwa kibao cha plastiki, inapigwa brashi. Hiyo ni jozi moja. Mchezaji wa Kombe la Dunia anasafiri na rundo. Sasa mfikirie binti asiye na fundi, anafanya hayo mwenyewe saa nne usiku, na kesho yake anashindana na aliyelala saa mbili.

mama_wa_mteremko

Ahsante kaka, shemeji nitamsomea hii neno kwa neno. Lakini goti hujaligusa.

fundi_tirol

Sikulikwepa, dada. Goti ndilo linaloumia kuliko kiungo chochote. Vonn alichanika kano za goti Schladming mwaka 2013 akaikosa Olimpiki ya Sochi ya 2014. Mwaka 2024 alirudi kushindana akiwa na miaka 40, na goti lenye titani ndani yake. Mtoto wa miaka 10 hayuko kwenye kasi hiyo, ila muulize kocha mambo mawili: wanafanya mazoezi ya miguu na mgongo wakati wa kiangazi? Na fungio za viatu vyake zinakaguliwa na nani, mara ngapi? Akibabaika, tafuta klabu nyingine.

Kuhusu Kenya: akiwa na uraia, njia ipo, kwa kuwa Olimpiki hutenga nafasi kwa nchi ndogo zenye mchezaji aliyefikia kiwango cha pointi za FIS. Lakini hilo la miaka ya mbele. Kwa sasa jozi moja ya slalomu na moja ya slalomu kubwa zinamtosha. Usinunue mpya. Subiri Aprili, klabu zinapouza mitumba ya watoto waliokua, uangalie unene wa chuma cha ukingo kabla ya kutoa hela. Ukiwa na shaka nitumie picha, nitakwambia kama bado zina maisha.